Hesabu ya Kaya Mbele ya Dirisha la Dawa

Hotuba kwa wanafunzi wa afya ya jamii, wauguzi na wahudumu wa afya wa ngazi ya jamii, Tanga

Ndugu Mwenyekiti, walimu wenzangu, waganga na wauguzi, wahudumu wa afya mliotoka vijijini tangu alfajiri, nanyi wanafunzi mliojaza ukumbi huu mpaka milangoni, nawasalimu kwa heshima.

Nimeombwa nizungumze juu ya uchumi na afya, na ninafahamu kwamba mtu akisikia neno uchumi hufikiria Benki Kuu, thamani ya shilingi, mfumuko wa bei na hotuba ya bajeti inayosomwa bungeni kila Juni. Yote hayo ni uchumi, lakini uchumi nitakaouzungumzia leo ni ule unaofanyika katika pindo la khanga, pale mama anapofungua fundo, akahesabu noti zilizomo, akaamua kipi kinunuliwe leo na kipi kisubiri. Elimu hii kwa asili yake ni elimu ya kuchagua wakati kilichopo hakitoshi, na sijaona mahali ambapo uchaguzi huo ni mgumu kuliko mbele ya dirisha la dawa.

Miaka michache iliyopita nilisimama katika duka la dawa muhimu pale Muheza nikisubiri zamu yangu. Mbele yangu alikuwa mama mmoja muuza machungwa, sinia lake kaliweka chini karibu na mlango, na mkononi alishika kikaratasi kilichoonyesha kwamba mwanawe mkubwa amekutwa na malaria. Muuzaji akamtajia bei ya dozi ya dawa mseto. Yule mama akafungua fundo, akahesabu, akarudia kuhesabu, kisha akasema kwa sauti ya chini, "Dada yangu, nigawie za leo na kesho, za keshokutwa nitazifuata nikishauza." Muuzaji akamweleza kwa upole kwamba dozi haikatwi, kwamba vidonge 24 vya mtu mzima humezwa kwa siku tatu, asubuhi na jioni, na kwamba homa kushuka siku ya kwanza hakuna maana kwamba vimelea vimekwisha. Mama alimsikiliza mpaka mwisho, akaitikia kwa kichwa, akajibu, "Najua, dada. Hata mwaka jana mliniambia hivyo hivyo." Tuliokuwepo tukachangishana, akaondoka na dozi kamili. Lakini mchango wa wateja watatu hauwezi kuitwa mpango wa afya, na jibu lake halijanitoka moyoni hadi leo.

Alisema anajua. Sisi tuliosoma tumezoea kudhani kwamba mtu anayekatisha dozi, anayechelewa kliniki au anayelala bila chandarua hana elimu, na kwa sababu hiyo jambo la kwanza tunalomtayarishia ni semina, bango na wimbo wa redioni. Ninachotaka kukitetea mbele yenu leo ni kwamba mengi tunayoyaita uzembe, ujinga au mazoea mabaya ni hesabu iliyopigwa na mtu mwenye akili timamu kwa namba alizowekewa na wengine. Hesabu hiyo ikitoa jibu baya, kumkaripia anayehesabu hakulibadilishi jibu. Namba zenyewe ndizo zinazopaswa kuguswa, na kazi ya mchumi ni kusaidia kuzitambua.

Nianze na chandarua, kwa kuwa ndicho kitu ambacho kila mmoja humu ndani amelala chini yake au amekigawa. Kwamba chandarua chenye dawa kinaokoa maisha si jambo la kubishaniwa tena. Katika jaribio lililofanyika Kilifi, Pwani ya Kenya, katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1990, vifo vya watoto wadogo vilipungua kwa takriban theluthi moja pale vyandarua vilipogawiwa. Huku kwetu, katika wilaya za Kilombero na Ulanga, vyandarua viliuzwa kwa bei nafuu chini ya jina la Zuia Mbu, na watafiti wa Ifakara wakaonyesha kwamba watoto waliovitumia walikuwa na nafasi kubwa zaidi ya kuishi. Swali lililobaki, ambalo liliwagawa wataalamu kwa miaka mingi na wakati mwingine kwa maneno makali, lilikuwa hili: mama atozwe kidogo, au apewe bure?

Waliotaka atozwe walikuwa na hoja zisizodharaulika. Walisema kitu cha bure hakithaminiwi, kwamba kitaishia kuvulia dagaa, kufunikia vifaranga na kuzungushia bustani ya mchicha. Kwamba anayelipa, hata kama ni kidogo, ndiye mwenye haja na ndiye atakayekitumia. Na kwamba maduka ya vijijini yataacha kuuza vyandarua ikiwa serikali inavigawa. Tanzania ilichagua njia ya katikati ilipoanzisha Hati Punguzo mwaka 2004, ambapo mama mjamzito alipewa hati kliniki, akaipeleka dukani na kuongeza fedha kidogo. Ulikuwa mpango uliofikiriwa vizuri, na wengi wenu mlishiriki kuutekeleza. Lakini hoja ya bei ilikuwa bado imesimama juu ya dhana, na dhana hupimwa.

Ilipimwa magharibi mwa Kenya mwaka 2007. Wachumi wawili, Jessica Cohen na Pascaline Dupas, walichukua kliniki 20 za wajawazito na kuzipangia bei kwa kura: nyingine zikagawa vyandarua bure, nyingine zikatoza bei ndogo tofauti tofauti, ya juu kabisa ikiwa shilingi 40 za Kenya, ambazo wakati huo zilikuwa kama senti 60 za dola. Bei hiyo ya juu ilikuwa bado chini ya ile ambayo wajawazito wa Kenya walikuwa wakiuziwa wakati ule. Matokeo yakawa kwamba kutoka bure hadi shilingi 40, idadi ya akina mama waliochukua chandarua ilianguka kwa akina mama 60 katika kila mia. Walipofuatwa majumbani, waliopewa bure walikuwa wamevitundika kama waliolipa. Tena waliolipa hawakuonekana kuwa wagonjwa zaidi ya wengine, kwa hiyo ile imani kwamba bei huwachuja wenye haja na kuwaacha nyuma wasio na haja haikupata ushahidi. Bei iliwachuja tu waliokuwa na shilingi 40 mfukoni asubuhi ile.

Dupas aliendelea kulifuatilia swali la kuthamini, kwa sababu wengi walihofu kwamba aliyezoea cha bure hatanunua tena maishani mwake. Akazipa kaya vyandarua kwa bei mbalimbali, nyingine bure kabisa, na baada ya mwaka mmoja akawauzia wote chandarua cha pili kwa bei moja, shilingi 150 za Kenya. Waliopata cha kwanza bure au kwa bei ndogo sana hawakusita kununua kuliko wenzao. Walielekea kununua zaidi, kwa kuwa walikwishaona faida yake kwa macho yao. Mtu hukithamini kitu alichokionja.

Mtaniruhusu hapa nimtaje bibi yangu, aliyenilea Pangani. Alikuwa na chandarua kimoja cheupe, kimekunjwa vizuri ndani ya sanduku la mbao pamoja na vidonge vya kuzuia nondo, na mimi, kijana niliyerudi kutoka chuo na maneno mengi mdomoni, nilimlaumu kwa kukificha. Aliniacha nimalize, kisha akasema, "Mjukuu wangu, chandarua ni kimoja, vitanda ni vitatu, na kila kitanda kina watoto. Nikimfunika huyu, yule nitamwambia nini?" Kilichonionekea kuwa ni kutokuthamini kilikuwa mzigo wa kugawa kisichogawika, na yeye aliuona ukubwa wa mzigo huo kuliko mimi.

Kuna sababu nyingine inayofanya bei ya chandarua isiwe jambo la mnunuzi peke yake. Katika tarafa ya Asembo, Kenya, karibu na Ziwa Victoria, watafiti waligundua kwamba hata nyumba ambazo hazikuwa na vyandarua zilipata nafuu ya malaria iwapo zilikuwa ndani ya mita 300 kutoka kwenye nyumba zilizokuwa navyo, kwa kuwa mbu walikuwa wanakufa na kupungua mtaa mzima. Mama anayenunua chandarua anamkinga jirani asiyemjua, lakini fundoni mwake hesabu hiyo ya jirani haimo, wala hatuna haki ya kudai iwemo. Wachumi hueleza kwamba kitu ambacho faida yake inamwagikia wengine daima kitanunuliwa pungufu ya kiasi kinachoifaa jamii, ikiwa kila mtu ataachwa alipie peke yake. Hapo ndipo fedha ya umma ina kazi halali, na anayeitetea hatetei huruma tu. Anatetea hesabu iliyokamilika.

Mfano wa minyoo unalionyesha hilo kwa ukali zaidi. Mwaka 1998 katika wilaya ya Busia, Kenya, mpango wa kuwapa wanafunzi dawa za minyoo ulianza katika shule za msingi 75, na Edward Miguel pamoja na Michael Kremer, ambaye mwaka 2019 alitunukiwa Nobel ya uchumi pamoja na Abhijit Banerjee na Esther Duflo, wakaupima. Utoro ulipungua kwa takriban robo, na hata watoto ambao hawakunywa dawa walinufaika kwa sababu mayai ya minyoo yalipungua uwanjani na vyooni. Wataalamu wengine wamebishana nao baadaye juu ya baadhi ya mahesabu, na mabishano hayo ni ya afya kwa elimu yoyote. Lakini sehemu ninayotaka mwikumbuke ni ile iliyofuata. Wazazi walipoanza kuchangishwa ada ndogo, wanafunzi waliokunywa dawa walishuka kutoka takriban asilimia 75 hadi asilimia 19. Na pale ambapo shule zilipewa elimu kubwa ya kuzuia minyoo, kunawa mikono, kuvaa viatu, kutooga kwenye maji ya ziwa, watafiti hawakuona mabadiliko ya maana katika mwenendo wa watoto. Ada ya senti ilifanya kazi kubwa ya ubaya, na somo zuri halikufanya kazi ya wema iliyotarajiwa. Kwa sisi tunaopenda kuandaa masomo, matokeo hayo ni machungu, lakini yametufaa.

Sisemi kwamba elimu haina thamani. Kremer na wenzake walipima elimu ya kuambiwa ufanye jambo gumu zaidi ya uwezo wako. Elimu inayompa mtu namba mpya ya kuwekea hesabu ni kitu kingine. Magharibi huko huko mwa Kenya, wasichana wa shule za msingi walielezwa kwa takwimu jinsi maambukizi ya VVU yalivyo makubwa kwa wanaume watu wazima kuliko kwa vijana wa rika lao. Hawakuambiwa waache wala wafanye. Walipewa kipimo cha hatari. Ndani ya mwaka mimba za utotoni zilipungua kwa asilimia 28 miongoni mwao. Wengi wetu tumekuwa tukiwahubiria wasichana bila kuwapa kipimo hicho hata siku moja.

Sasa niingie kwenye kuchangia gharama, jambo ambalo wazee humu ndani wanalikumbuka vizuri. Baada ya miaka mingi ya tiba bila malipo katika vituo vya umma, nchi zetu ziliishiwa fedha katika miaka ya 1980, na ushauri uliokuja kutoka nje, pamoja na ule wa Benki ya Dunia wa mwaka 1987, ukawa kwamba mgonjwa achangie. Kenya ilianza Desemba 1989, Tanzania ikaanza mwaka 1993 kwa kushuka hatua kwa hatua kutoka hospitali za juu. Kuna kliniki moja ya magonjwa ya zinaa ya Nairobi ambayo takwimu zake za kipindi hicho ziliandikwa na kuhifadhiwa. Katika miezi ya malipo, mahudhurio ya wanaume yalibaki asilimia 40 ya yale ya awali, na ya wanawake asilimia 65. Hebu tafakarini ni wakati gani. Ni mwanzoni mwa miaka ya 1990, UKIMWI unaenea, na tayari inajulikana kwamba magonjwa mengine ya zinaa hurahisisha maambukizi ya VVU. Wagonjwa wale waliorudi nyumbani bila tiba hawakurudi peke yao. Walirudi kwa wake zao na waume zao. Ada iliyokusanywa dirishani iliandikwa katika vitabu kuwa mapato, lakini gharama yake ikaandikwa mahali pengine, miaka baadaye, wodini na makaburini, wala hakuna mhasibu aliyeziweka namba hizo mbili katika ukurasa mmoja.

Mtasema, na ni kweli, kwamba sera iliweka misamaha: watoto wa chini ya miaka mitano, wajawazito, wenye kifua kikuu, wazee wa miaka 60 na zaidi wasio na uwezo. Mtoto hutambulika kwa kadi yake ya kliniki, na mjamzito huonekana. Lakini maskini huthibitishaje kwamba ni maskini? Apate barua ya mtendaji wa kijiji, ambaye huenda yuko mkutanoni, aifikishe kituoni, asimame mbele ya foleni, majirani wakisikia, aseme kwamba hana. Kila hatua kati ya hizo ina bei yake ya muda, ya nauli na ya aibu, na mtu ambaye siku yake ya kibarua ndiyo chakula cha jioni huzijumlisha zote. Bei ya zahanati haiandikwi yote ukutani. Bodaboda haimo, siku iliyopotea haimo, ugeni wa kulala mjini kwa ndugu haumo, wala maneno ya karaha aliyoyasikia mara ya mwisho hayamo, ingawa naamini hayo ya mwisho huwazuia wengi kuliko tunavyopenda kukiri.

Lakini nisije nikaonekana ninasema futa ada na kazi imekwisha. Uganda ilifuta malipo katika vituo vya umma Machi 2001, na wagonjwa wakamiminika, maskini wakiwa mbele. Dawa nazo zikaisha mapema rafuni, mgonjwa akaandikiwa karatasi aende akanunue nje, na uchunguzi wa baadaye ukaonyesha kwamba kwa kaya maskini mzigo wa matumizi makubwa ya matibabu haukupungua kama ilivyotumainiwa. Bei iliondolewa dirishani ikahamia duka la dawa lililo mkabala na lango. Kuondoa ada bila kuongeza fedha ya dawa na watumishi ni kubadilisha tu mahali pa kulipia, na tena huwachosha wauguzi, ambao ndio wanaosikia lawama za wote wawili, mgonjwa na mkubwa wa kazi.

Kuna jambo jingine ambalo tunalipita haraka mno, nalo ni wakati. Kipato cha mkulima wetu hakiji kila mwisho wa mwezi. Hapa kwetu mvua za masika huanza Machi, mbu huongezeka, na malaria hupanda kufuatia mvua hizo, wakati ambao ghala limekwisha, mahindi yangali shambani, na vibarua vya palizi ndivyo vinavyoleta unga. Ugonjwa huja wakati fundo ni tupu. Ukimwambia mtu huyo kwamba kinga ni rahisi kuliko tiba, unamwambia ukweli ambao hauwezi kununuliwa katika mwezi huo. Anahitaji njia ya kuihamisha fedha ya Agosti mpaka Aprili, na njia hiyo ni ngumu kuliko inavyoonekana, kwa sababu fedha iliyolala nyumbani ina wenyewe wengi: shemeji ana msiba, jirani anadaiwa karo, mtoto ametumwa daftari.

Dupas na Jonathan Robinson walilichunguza hilo miongoni mwa wanachama wa vikundi vya kuchangiana huko magharibi mwa Kenya, vile ambavyo Wakenya huviita chama na sisi tunaita upatu. Kundi moja walilipatia kasha la bati lenye tundu juu, kufuli na ufunguo, wakawaomba wanachama wataje jambo la afya wanalolikusudia. Ndiyo, ni kibubu, kile kile cha babu zetu, ila kinafungwa. Matumizi ya kinga, kama vyandarua na dawa ya maji, yaliongezeka kwa zaidi ya asilimia 60. Wengine walipewa kasha kama hilo ambalo ufunguo wake aliushika mtu wa mradi mpaka lengo litimie, na kwa kinga halikuleta tofauti ya maana, kwa kuwa watu walisita kufungia fedha mahali wasipoweza kuifikia mtoto akiugua usiku. Waliofanya vizuri zaidi walikuwa wale waliochanga fungu la afya ndani ya upatu wenyewe, wakapokezana. Mnaona jinsi tofauti ilivyo ndogo: nani ashike ufunguo. Na mnaona kwamba kibubu kilimpa mwenyewe jibu la heshima la kumwambia shemeji: hii ni ya chandarua.

Hilo linanifikisha kwenye bima, ambayo ningependa muifikirie kama upatu ambao zamu yake hupangwa na ugonjwa. Wote wanachangia, na anayepokea ni yule aliyeangukiwa. Mwaka 1963 Kenneth Arrow, Mmarekani ambaye baadaye alipata Nobel, aliandika makala iliyoeleza kwa nini soko la tiba haliwezi kuendeshwa kama soko la nyanya: mgonjwa hajui lini ataugua, na akiugua hajui anachokinunua, anamtegemea yule yule anayemuuzia amwambie anahitaji nini. Miaka saba baadaye George Akerlof akatumia mfano wa magari yaliyokwishatumika kuonyesha ubovu mwingine unaoikumba pia bima, kwamba wanaokimbilia kujiunga kwa hiari ni wale wanaojua kuwa mzigo wao ni mkubwa.

Nadharia hiyo tumeiona hapa nyumbani. Mfuko wa Afya ya Jamii ulianza kujaribiwa Igunga katikati ya miaka ya 1990, ukawekewa sheria mwaka 2001, ukawa wa hiari, na kwa miaka mingi wengi wakabaki nje. Toto Afya Kadi, bima ya watoto ya Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya, ilikuwa shilingi 50,400 kwa mtoto kwa mwaka, kiasi ambacho mzazi mwenye mtoto wodini alikitafuta kwa udi na uvumba, na mzazi mwenye mtoto mzima akasema tutaona. Mwaka 2023 Mfuko huo wa Taifa ukasitisha kusajili mtoto mmoja mmoja, ukaelekeza watoto wasajiliwe kwa makundi kupitia shuleni, na mjadala ukawa mkali sana mitandaoni. Wazazi walihisi wameonewa, na mimi siwalaumu hata kidogo, kwa maana waliojiunga walikuwa na watoto wagonjwa kweli. Wala waliofanya uamuzi hawakuwa na roho mbaya. Upatu ambao wanaoingia ni wale ambao zamu yao imeshafika hauwezi kusimama mwaka wa pili. Ama mchango upande mpaka wazima wakimbie, ama mwenye kuuendesha afilisike. Ndiyo sababu, Bunge lilipopitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote mwezi Novemba 2023, neno muhimu kuliko yote katika jina lake lilikuwa lile la mwisho.

Ila kusema wote ni rahisi kuliko kuwafikia. Kenya ilipoanza makato mapya ya bima ya afya, asilimia 2.75 ya mshahara, Oktoba 2024 chini ya Mamlaka ya Afya ya Jamii (SHA), mwenye mshahara alikatwa kila mwezi bila kuhisi uzito wa mara moja, lakini mama mboga na dereva wa boda walitakiwa walipe mwaka mzima kwa mkupuo, hata pale kiwango chao kilipokuwa kile cha chini cha shilingi 300 kwa mwezi. Anayepata riziki ya siku akatakiwa kulipa kwa mwaka, na yule mwenye uhakika wa mwezi akalipa kwa mwezi. Baadaye ikabuniwa njia ya mkopo wa kulipa kidogo kidogo iliyopewa jina la Lipa SHA Pole Pole, na jina hilo peke yake linaonyesha kosa la mwanzo lilikuwa wapi. Tanzania tukiwa tunapanga makusanyo ya bima yetu, naomba mchango ufuate msimu: korosho kusini, pamba Shinyanga na Simiyu, machungwa Muheza, dagaa Pangani. Chama cha msingi cha ushirika kinajua tarehe ya malipo ya mkulima kuliko ofisi yoyote ya mjini.

Nina ombi moja kwa kila aliyemo humu. Katika kituo chenu kuna vitabu vya MTUHA, yaani vya mfumo wa taarifa za huduma za afya, na vitabu hivyo humwandika kila aliyehudumiwa, umri wake, jinsia yake, ugonjwa wake. Hakuna kitabu cha yule aliyefika dirishani, akaulizia bei, akageuka. Kwa takwimu zetu mtu huyo hakuugua. Chukueni daftari la kawaida la mistari, na kwa mwezi mmoja mwandikeni: tarehe, umri, jinsia, alichohitaji, kiasi alichopungukiwa, bila jina lake. Wahudumu wa vijijini waandike nyumba ambako mgonjwa hakwenda kituoni, pamoja na sababu aliyoitaja mwenyewe, kwa maneno yake mwenyewe, bila kuyasahihisha. Mkiyaleta, nitakaa na wanafunzi hawa tuyajumlishe, kisha tuyapeleke kwa pamoja kabla halmashauri hazijafunga mapendekezo ya bajeti. Madaftari 40 yako hapa mezani pamoja na kalamu zake, na la kwanza limeandikwa Muheza juu ya jalada. Nitafurahi akilichukua mtu anayepita karibu na lile duka la dawa.

Nawashukuru kwa kunisikiliza, na sasa nipo tayari kwa maswali.